Afya ya Jiji Huanzia Mlangoni kwa Jirani

Kila mwaka, masika yanapolikaribia jiji la Dar es Salaam, yupo mtu apitaye mitaani ambaye wengi wetu hatumpokei kwa furaha. Ni bwana afya au bibi afya. Huingia uani na daftari lake, akauliza choo kiko wapi, maji ya kunywa yanachotwa wapi, taka zinatupwa wapi, na ni chombo gani kimetuamisha maji nyuma ya nyumba. Mama lishe akimwona hufunika masufuria yake upesi. Mwenye nyumba huwaagiza watoto waseme baba hayupo. Tumezoea kumwona kama mtoza faini, na pengine baadhi yao wametupa sababu ya kuwaona hivyo. Hata hivyo, kazi aliyotumwa kuifanya ni mojawapo ya kazi kongwe na zenye heshima katika maisha ya watu wanaoishi pamoja: kuzuia ugonjwa wa nyumba moja usiwe msiba wa mtaa mzima.

Katika mahubiri na mafundisho yetu tunazungumza mara nyingi juu ya wagonjwa. Tunawatembelea, tunawapelekea Ekaristi Takatifu, na kila tarehe 11 Februari tunaadhimisha Siku ya Wagonjwa Duniani, iliyoanzishwa na Mtakatifu Yohane Paulo II mwaka 1992. Kanisa linajivunia, na kwa haki, hospitali na zahanati zake. Ni mara chache sana tunapomzungumzia mtu ambaye hakuugua kwa sababu jirani yake alizibua mtaro. Tunataka basi kusema jambo moja katika makala hii: idara ya afya ya jiji, hata ikiwa na wataalamu hodari kiasi gani, hufika pale tu ambapo jirani ameifungulia mlango, na jirani anayeubeba mzigo wa kazi hiyo hawezi kudaiwa aubebe bure milele.

Kazi isiyoonekana

Kwa mujibu wa Sensa ya Watu na Makazi ya mwaka 2022, Mkoa wa Dar es Salaam ulikuwa na watu 5,383,728. Wanahudumiwa na halmashauri tano: Jiji la Dar es Salaam, ambalo tangu mwaka 2021 ndiyo Ilala ya zamani, pamoja na manispaa za Kinondoni, Temeke, Ubungo na Kigamboni. Kila halmashauri ina idara ya afya inayoongozwa na Mganga Mkuu, na chini yake wapo maafisa afya hadi ngazi ya kata, wanaofanya kazi kwa mamlaka ya Sheria ya Afya ya Jamii ya mwaka 2009.

Hospitali humngoja mgonjwa afike. Afisa afya humwendea mtu aliye mzima, nyumbani kwake, na kumwomba abadili jambo ambalo bado halijamletea madhara. Hapo ndipo ugumu wa kazi hii ulipo. Mgonjwa aliyepona humshukuru daktari wake, na pengine hutoa sadaka ya shukrani parokiani. Lakini hakuna anayetoa shukrani kwa kuhara ambako hakukutokea. Matunda ya kazi ya afya ya jamii hayana sura wala jina, na kwa sababu hiyo ni rahisi kwa serikali kuipunguzia fedha na ni rahisi kwetu kuidharau.

Maandiko Matakatifu hayakuidharau. Katika Kumbukumbu la Torati, sura ya 22, Waisraeli wanaagizwa kwamba mtu ajengapo nyumba mpya aizungushie dari yake ukingo, asije mtu akaanguka na damu yake ikawa juu ya nyumba hiyo. Sheria hiyo haizungumzii nia mbaya. Mwenye nyumba hakumsukuma mtu. Kosa lake lingekuwa kujua kwamba hatari ipo, kuwa na uwezo wa kuiondoa, na kuiacha. Sura inayofuata inaagiza hata namna ya kufukia kinyesi nje ya kambi, kwa kuwa Mungu mwenyewe hutembea kati ya watu wake. Usafi wa makazi, kwa macho ya imani, ni sehemu ya uadilifu wetu mbele ya Mungu na mbele ya jirani.

Funzo la viluwiluwi

Jiji letu lina historia ndefu ya kupambana na malaria, na historia hiyo ina funzo ambalo hatujalishika sawasawa. Mwishoni mwa karne ya 19 mwanasayansi Mjerumani Robert Koch aliuchunguza ugonjwa huo papa hapa Dar es Salaam. Baada ya uhuru, mwaka 1988, Serikali ikisaidiwa na Japani ilianzisha mradi wa kudhibiti malaria mijini, hapa na Tanga. Mradi ulifika mwisho mwaka 1996. Msaada ulipokoma, utunzaji wa mitaro ulizorota, mingi ikajaa tena mchanga na taka, na mbu wakarudi mahali pao.

Mwaka 2004 mamlaka za afya za jiji zilianza tena, na safari hii kwa njia iliyo karibu zaidi na watu. Mpango wa Kudhibiti Malaria Mjini uliitumia ngazi ya chini kabisa ya utawala iliyokuwapo, yaani shina la nyumba kumi, utaratibu uliorithiwa tangu miaka ya 1960. Wakazi wa kawaida walichaguliwa na kufundishwa. Kila mmoja alikabidhiwa mashina yake, akachora ramani yake kwa mkono, na kila wiki akapita kulitazama kila tone la maji yaliyotuama: mtaro ulioziba, jaruba la bustani, shimo la msingi wa nyumba isiyokwisha, alama ya tairi la gari kwenye tope. Tangu mwaka 2006, wakianzia kata za Buguruni, Kurasini na Mikocheni, waliyatia maji hayo dawa itokanayo na bakteria ambao huua viluwiluwi vya mbu bila kumdhuru mtu wala mifugo. Baadaye kazi ilienea hadi kata 15 zilizokuwa na wakazi zaidi ya 600,000.

Matokeo yalipimwa kwa uangalifu. Uchambuzi wa takwimu za kaya zilizokusanywa kati ya mwaka 2004 na 2008 ulionyesha kwamba, pale dawa ilipotumika, uwezekano wa mtu kukutwa na vimelea vya malaria ulipungua kwa takriban asilimia 21, hata baada ya kuzingatia mambo mengine kama vyandarua na hali ya hewa. Punguzo hilo lilifanikishwa na majirani waliokwenda kwa miguu na ramani zao za mkono.

Lakini watafiti hao hao waliofuatilia kazi hiyo waliona pia palipopungua. Mhudumu aliyelifahamu eneo lake aliyaona madimbwi ambayo mgeni aliyapita. Na kikwazo kimoja kilijirudia: nyua zilizozungushiwa uzio na mageti yaliyofungwa. Mahali mhudumu asipofunguliwa, viluwiluwi viliendelea kukua kwa amani, na mbu waliotoka humo hawakubaki humo. Mbu haheshimu ukuta. Tukumbuke jambo hili tunapofikiri kwamba malaria na dengi ni magonjwa ya uswahilini. Dengi, iliyolisumbua jiji hili mwaka 2014 na tena mwaka 2019, huenezwa na mbu aumaye mchana na apendaye maji yaliyotuama kwenye vyombo: ndoo, tairi kuukuu, sahani ya chungu cha maua, simtanki lisilo na mfuniko. Vyombo hivyo havikosekani katika nyumba zenye uzio mrefu, na havikosekani katika viwanja vya parokia zetu.

Wahudumu hao walilipwa kama vibarua wa siku, kwa utaratibu uleule wa wafagiaji wa barabara, na sehemu kubwa ya gharama za mpango ilitegemea wafadhili wa nje. Tangu hapo nchi yetu imepiga hatua: kiwanda cha Kibaha, kilichojengwa kwa ushirikiano na Cuba, kinatengeneza viuadudu vya aina hiyo hapa nchini. Dawa, basi, ipo. Kinachopungua ni mikono inayojulikana mtaani, inayopita kila wiki na kulipwa kila mwezi.

Kipindupindu na dhambi ya kutapisha choo

Mwezi Agosti mwaka 2015 kipindupindu kilizuka Dar es Salaam, na kutoka hapa kikaenea katika mikoa mingi ya nchi. Kabla ya wimbi hilo kutulia, watu zaidi ya 20,000 walikuwa wameugua na zaidi ya 300 wamefariki dunia. Idara za afya za jiji zilifungua kambi za matibabu, zikagawa dawa ya kutibu maji, zikafunga visima visivyo salama na kuzuia uuzaji wa vyakula vilivyopikwa katika maeneo ya wazi.

Ugonjwa huu haukosi tiba. Mgonjwa akiwahishwa, akarudishiwa maji na chumvi alizopoteza, ni chini ya mmoja katika kila mia atakayefariki. Anayekufa mara nyingi ni yule aliyechelewa, naye huchelewa kwa sababu kituo kiko mbali, kwa sababu hana nauli usiku, au kwa sababu familia yake inaona aibu. Kumwondolea jirani aibu hiyo ni tendo la huruma ambalo halihitaji fedha yoyote.

Lipo jambo jingine ambalo ni lazima tulitaje kwa jina lake. Wakazi walio wengi wa jiji hili hawajaunganishwa na mfumo wa majitaka. Wanatumia vyoo vya shimo. Choo kikijaa, gari la kunyonya majitaka ni gharama, na katika vichochoro vingi halipiti. Hivyo mvua kubwa inaponyesha, wapo wanaotoboa chemba na kuacha kinyesi kichukuliwe na mafuriko. Tunaita kutapisha choo, na tunalisema neno hilo kana kwamba ni hila ya mjini. Ukweli ni kwamba mwenye nyumba ameokoa fedha yake, na gharama imehamia kwa mtoto wa jirani anayecheza kwenye maji yale, au kwa mama wa bondeni anayechota kwenye kisima kifupi. Sheria ya ukingo wa dari inatuhusu moja kwa moja hapa. Katika kuitafiti dhamiri kabla ya kitubio, mwenye nyumba Mkristo wa Dar es Salaam anapaswa kujiuliza choo chake kinatapika wapi.

Hata hivyo, haki inatudai tutazame upande wa pili. Agizo la kufunga kisima humwangukia yule asiye na bomba. Katazo la kuuza chakula barabarani humwangukia mama lishe ambaye watoto wake watakula alichouza leo. Faini ya choo kibovu humwangukia mpangaji wakati mwenye nyumba anaishi mtaa mwingine. Baba Mtakatifu Francisko, katika Waraka wake wa Laudato Si' wa mwaka 2015 kuhusu utunzaji bora wa nyumba ya wote, alifundisha kwamba kupata maji safi na salama ni haki msingi ya binadamu, kwa kuwa uhai wenyewe unayategemea. Mamlaka inayofunga kisima bila kuleta maji imetimiza nusu tu ya wajibu wake. Nasi tunaolalamikia bwana afya anayefunga kisima, bila kwenda kwenye mkutano wa mtaa kudai bomba, tumetimiza pungufu ya nusu.

Kuhesabu ni kuheshimu

Idara ya afya huanza kazi yake kwa kuhesabu: wangapi wameugua, wapi, tangu lini. Mahali ambapo watu huficha wagonjwa wao au mamlaka huficha hesabu, hata mtaalamu bora hufanya kazi gizani. Tulilijifunza hilo kwa machungu wakati wa UVIKO-19, ambapo kwa muda mrefu takwimu za nchi hazikutolewa. Mwezi Machi mwaka 2021 Katibu Mkuu wa Baraza la Maaskofu Katoliki Tanzania, Padre Charles Kitima, alitangaza kwamba katika miezi miwili tu Kanisa lilikuwa limepoteza mapadre zaidi ya 25 na watawa wapatao 60 kutokana na matatizo ya kupumua. Maaskofu wetu walikuwa wamekwisha kuwaonya waamini wajikinge. Kanisa halikuwa na maabara wala wizara, lakini liliwafahamu wafu wake kwa majina, na likaona kwamba kuwanyamazia hakukuwa heshima kwao wala ulinzi kwa walio hai.

Jumuiya inayojua nani ameugua wiki hii inayo hazina ambayo idara ya afya haiwezi kuinunua. Hazina hiyo huambatana na wajibu wa kutunza siri. Mgonjwa asitajwe hadharani, na ugonjwa wake usiwe habari ya barazani. Lakini palipo na kuhara katika nyumba tatu za kichochoro kimoja, kumpigia simu afisa afya wa kata siyo uchongezi.

Fedha za wageni zinapoondoka

Mwezi Januari mwaka 2025 Serikali ya Marekani ilisimamisha misaada yake ya nje, na kufikia Julai mwaka huo shirika lake la USAID lilikuwa limefungwa. Katika nchi nyingi za Afrika, yetu ikiwemo, pigo lilisikika kwanza katika huduma za VVU, na miongoni mwa wa kwanza kusimamishwa walikuwa wale waliopita majumbani: waliowafuatilia walioacha dawa, waliowasindikiza wajawazito kupima, walioketi na mgonjwa asiyetembelewa na mtu.

Hatupaswi kushangaa kana kwamba jambo hili ni jipya. Historia ya mitaro ilikwisha kutuonya. Tukiendesha kinga ya jiji kama mradi wa mfadhili, kinga hiyo itakwisha siku mradi utakapokwisha. Viongozi wa Afrika waliahidi huko Abuja mwaka 2001 kutenga angalau asilimia 15 ya bajeti za serikali kwa ajili ya afya; ahadi hiyo imebaki deni kwa nchi zilizo nyingi, na kwetu pia.

Mwezi Januari mwaka 2024 Serikali yetu ilizindua mpango wa kitaifa wa wahudumu wa afya ngazi ya jamii, unaolenga kuwapata wahudumu 137,294 katika miaka mitano, wawili kwa kila mtaa na kila kitongoji. Ni mpango mwema, nasi tunaupokea kwa matumaini. Ni ule mkono wa jirani unaojulikana, safari hii kwa nchi nzima. Swali linalobaki ni lile lililobaki mwaka 1996: atalipwa na nani, na atalipwa hadi lini?

Mafundisho Jamii ya Kanisa yanatusaidia kulijibu. Kanuni auni inatufundisha kwamba kinachoweza kufanywa na jumuiya iliyo ndogo kisinyakuliwe na mamlaka iliyo kubwa. Wengi hukomea hapo. Lakini neno auni maana yake ni msaada: mamlaka iliyo kubwa inabanwa kuisaidia ile ndogo ili iweze kutimiza kazi yake. Kuukabidhi mtaa kazi ya kujikinga na kuunyima nyenzo siyo auni. Ni kuutupia mzigo. Aidha, tangu Papa Leo XIII alipotoa Waraka wa Rerum Novarum mwaka 1891, Kanisa limefundisha bila kuyumba kwamba mfanyakazi anayo haki ya kupata ujira unaomwezesha kuishi. Neno kujitolea ni zuri sana linapotoka kinywani mwa anayejitoa. Likitoka kinywani mwa anayepaswa kulipa, hubadilika likawa kisingizio. Wanaopita mitaani kwa kazi hii ni wanawake na vijana wa familia zenye kipato cha chini, nao wana kodi ya nyumba na ada za shule kama sisi.

Msamaria mwema, katika Injili ya Luka sura ya 10, aliyafunga majeraha kwa mikono yake mwenyewe. Lakini hakuishia hapo. Alimlipa mwenye nyumba ya wageni dinari mbili, akaahidi kulipa kilichozidi atakaporudi. Huruma yake ilikuwa na bajeti, na ilikuwa na tarehe ya kurudi. Hilo ndilo tunalowaomba madiwani wetu wanapopitisha bajeti za halmashauri: posho ya mhudumu wa mtaa itoke katika mapato ya ndani, iandikwe kama kifungu cha kudumu, na ilipwe kwa wakati.

Mahali ambapo geti hufunguka

Sasa tugeukie sehemu yetu. Maaskofu wa nchi za AMECEA walipozipa Jumuiya Ndogo Ndogo za Kikristo kipaumbele katika miaka ya 1970, walitaka Kanisa liishi pale watu wanapoishi, nyumba kwa nyumba. Tazameni basi jambo hili: jumuiya husali kwa zamu majumbani. Juma hili ni kwa huyu, juma lijalo ni kwa yule. Geti ambalo mhudumu wa afya alilibisha bila kufunguliwa, hufunguliwa wazi kwa ajili ya rozari. Tunaingia, tunaketi uani, tunakunywa chai, tunaondoka. Simtanki lisilo na mfuniko lipo hatua tano kutoka mahali tulipokaa, na hakuna aliyelitazama.

Hatuhitaji kuunda kamati mpya. Baada ya sala, mwenyeji awapitishe wawili au watatu kuzunguka nyumba, wamwage kilichotuama, wafunike kinachopaswa kufunikwa. Mwenyekiti wa jumuiya awafahamu kwa majina wahudumu wa afya wa mtaa wake, na awaalike mara moja katika kila msimu wa mvua waseme walilo nalo. Mkutano mkuu wa mtaa unapoitishwa, jumuiya ipeleke watu wake, wakaulize habari za maji, mitaro na malipo ya wahudumu. Na kwa kuwa mbu na kipindupindu haviulizi dini, kazi hiyo tuifanye pamoja na ndugu zetu Waislamu na Wakristo wa madhehebu mengine. Shina la mtaa ni pana kuliko jumuiya yetu, na tusijifungie ndani yake.

Mfano tunao karibu. Mwaka 1992, UKIMWI ulipokuwa bado ni neno la kunong'onwa, kikundi kidogo cha watu waishio na VVU walitafuta msaada kwa Kanisa hapa Dar es Salaam. Kutokana nao ilizaliwa PASADA, huduma ya Jimbo Kuu iliyokuja kuwa kimbilio la maelfu ya wagonjwa, yatima na familia zao, ikishirikiana na mamlaka za afya za serikali. Haikuanzia ofisini. Ilianzia kwa wagonjwa waliobisha mlango, na mlango ukafunguliwa.

Wapo watakaosema kwamba zipo nyakati ambapo mafundisho ya Kanisa na ushauri wa idara ya afya hayalingani, hasa katika masuala ya uzazi. Ni kweli, na hatuombi muumini yeyote aiweke dhamiri yake kando. Tofauti hizo zisemwe wazi na kwa heshima. Lakini hakuna mafundisho yoyote ya Kanisa yanayolinda dimbwi lenye viluwiluwi. Kumfungia mhudumu mlango katika yote kwa sababu tunatofautiana naye katika moja ni kumwadhibu mtoto wa jirani kwa mabishano asiyoyajua.

Kaini alipoulizwa habari za ndugu yake, alijibu kwa kuuliza kama yeye ndiye mlinzi wake. Katika jiji la watu zaidi ya milioni tano, wanaopanga ukuta kwa ukuta na kushirikiana mtaro mmoja, swali hilo limekwisha kujibiwa. Masika yajayo bwana afya atapita tena na daftari lake. Tumfungulie, tumwonyeshe choo kilipo, tumwambie ukweli, na kabla hajaondoka tumuulize kama mwezi huu wahudumu wa mtaa wetu wamelipwa.

Bikira Maria, Afya ya Wagonjwa, utuombee.